Nyumba ya Vichwa Vinne

Nguo yenyewe ilikuwa ndogo, kipande cha kikwembe cha zamani kilichokatwa kwa mkasi na kupindwa pembeni. Mama Régina aliitoa kwenye kamba, akaigeuza upande huu na upande ule, kisha akaita.

"Marcelline, mwanangu! Hii ya mutoto gani?"

Marcelline alikuwa barazani anapepeta mchele. Akacheka, maana alidhani mama anatania.

"Ya mujukuu wako, mama. Ya nani tena?"

"Mujukuu gani?" Mama Régina akaikunja ile nguo polepole, akaiweka juu ya jiwe kama kitu cha watu. "Mukamwana wangu bado hajazaa."

Na mikono ile iliyokuwa inakunja nguo ndiyo iliyompokea mtoto juzi alfajiri. Ndiyo iliyomkata kitovu kwa wembe mpya, ikamfunga kwa uzi, ikampiga matako mpaka akalia na kuamsha kuku wa jirani. Marcelline akamwangalia yule mama, akatafuta kicheko usoni mwake. Hakukiona. Ungo ukamwinama mkononi, mchele ukamwagika miguuni.

Nyumba ile iko Kasongo, kwenye barabara ya kushuka kwenda Nyangwe. Ni ya matofali ya kuchoma, ina baraza mbele na jiko kwa nyuma. Aliyeijenga ni babu wa Hervé. Hervé alikuwa mume wa Marcelline, lakini miaka ilipopita bila mtoto kulia ndani ya nyumba, akaenda Kindu kwa mwanamke mwingine, na yule mwingine akazaa upesiupesi, kama vile anamkomoa mwenzake. Marcelline akabaki na nyumba. Akaanza kuwapokea wageni wa siku chache: watu wa Bukavu wanaokuja likizo kuwaona wazee wao, watu wa harusi, wafanyabiashara wanaotoka Lusangi na tope la machimbo kwenye viatu. Watu walipenda kulala kwake. Maji yalikuwepo, wali wake haukuungua, na vyandarua havikuwa na matundu.

Ila alikuwa na sheria moja iliyowachekesha watu. Wa kulala mule ndani ni wanne. Kwa vile yeye mwenyewe alilala humo, wageni walikuwa watatu, basi. Sheria hiyo aliachiwa na mama mukwe wake kabla hajafa: "Vichwa vine, Marcelline. Mutu wa tano asilale humu hata kama ni askofu, hata kama mvua inapiga. Mupeleke kwa jirani." Kwa nini, mama mukwe hakusema, na Marcelline hakuuliza. Jirani yake mmoja alikuwa anawapanga watu mpaka kwenye korido kama ndakala, vile visamaki vikavu, kwenye gunia, halafu anamwita kutoka ng'ambo ya ua: "Mama Marcelline! Nyumba kubwa vile, unaogopa pumzi za watu?" Naye anajibu, "Ndiyo, naogopa. Wewe wajaze." Wanacheka wote, maisha yanaendelea.

Mama Régina alipopiga simu kutoka Bukavu, Marcelline alimuuliza, "Muko wangapi?" Akajibiwa, "Watatu tu, mwanangu. Mimi, mukamwana wangu Laetitia, na mudogo wake Naomie. Mutoto wangu Gaston amebaki kwenye kazi." Walikuwa wanakwenda Wamaza, kwa watu wa Mama Régina, wapumzike huko. Wakafika. Laetitia akashuka kwenye pikipiki, na tumbo lake likashuka mbele yake.

Marcelline aliliona. Lakini nani mwenye akili anayehesabu tumbo? Kwetu tumbo halitajwi kuwa mtu. Ukilitaja unaliitia macho, na likiharibika wewe ndiwe utakayenyooshewa kidole. Mama Régina hakulihesabu, na Marcelline hakulihesabu. Waliingia watatu, na pamoja naye wakawa wanne, sheria ikatimia.

Mvua ikanyesha, barabara ya Kabambare, ndiyo ya kwenda Wamaza, ikakatika. Wenye pikipiki wakakataa. "Mama huyu na tumbo hili?" mmoja alisema. "Mimi simubebi. Atazalia kwenye kiti changu, halafu mutaniomba nitoe jina!" Wakacheka, wakasema watangoja jua. Mtoto hakungoja. Alitangulia wakati wake, msichana, mdogo lakini mzima, na kwa vile alizaliwa mule, ilibidi akae mule. Mzazi na mtoto wake hawavuki kizingiti kitovu kisipoanguka. Hilo hata mtoto wa shule analijua.

Marcelline ndiye aliyeshika beseni ya maji. Mtoto alipolia, kitu kilimchoma kifuani kama pilipili imepita njia ya hewa. Alimwangalia Laetitia amelala pale, nywele zimemganda usoni, anacheka na kulia pamoja, na moyoni akasema: hata hakumungojea. Mimi nimengojea miaka yote ile. Akafua zile nguo za damu kwa nguvu mpaka zikachanika. Toka hapo jicho lake halikumwachia yule mtoto. Akipika anamwangalia. Akifagia anasimama mlangoni, anamwangalia akinyonya, anahesabu vidole vyake kwa macho.

Ndiyo maana siku ile ya nguo kwenye kamba, aliacha mchele pale ulipomwagika, akaingia chumbani mbio.

Mtoto alikuwa kitandani, amekunja ngumi, analia. Laetitia alikuwa ameketi karibu naye, umbali wa mkono mmoja tu kati yao, anasuka nywele za mdogo wake Naomie.

"Laetitia! Husikii mutoto analia?"

"Nasikia, mama." Laetitia aligeuka dirishani. "Majirani hawa wana roho mbaya. Mutoto analia toka asubuhi na hawamubebi."

Naomie akatikisa kichwa. "Si wamupe hata maji."

Blauzi ya Laetitia ilikuwa imelowa mbele. Maziwa yalimtoka kwa kile kilio, yalimtiririka mpaka tumboni, naye akajifuta kwa kiganja kama mtu anayejifuta jasho. "Kasongo iko na joto, e? Ona vile nalowa."

Marcelline akamwinua mtoto, akamweka mapajani mwa mama yake. Laetitia hakushtuka, hakumwangalia. Mtoto akatafuta titi kwa pua, akalipata, akanyonya, na Laetitia akaendelea kusuka juu ya kichwa chake. Mara akakunja uso kidogo. "Kuna kitu kinanivuta hapa," alisema, akajikuna karibu na shavu la mtoto wake mwenyewe.

Hapo ndipo harufu ilipokuja. Ilikuwa harufu ya udongo uliochimbwa sasa hivi, udongo wa ndani kabisa ambao jua halijauona. Na kule nyuma, jikoni, ambako hakukuwa na mtu, mchi ukaanza kutwanga kwenye kinu kitupu. Du. Du. Du. Du. Ukanyamaza. Du. Du. Du. Du. Ukanyamaza tena. Marcelline alisimama na kusikiliza, na kila mara mchi ulipopiga mara nne ulikaa kimya kidogo, kama mtu aliyeinua mkono na bado anafikiri.

Alijaribu lile lililomjia kwanza. Akamwita Naomie, akamwambia, "Mwanangu, leo ulale kwa jirani. Chukua mukeka wako."

"Kwa nini, mama? Tuko wane. Tunaenea."

"Nenda tu, nakuomba."

Naomie alibeba mkeka, akafika kwenye mlango wa ua, akageuka. "Mama Marcelline, ulinituma nini?" Akaambiwa tena. Akaenda, akarudi, anacheka. "Eh! Kichwa changu! Nilikuwa nakwenda wapi na mukeka huu?" Mara ya tatu Marcelline hakumwambia tena.

Akajifunga kitambaa, akaenda kwa mwalimu Kamaldine, anayefundisha watoto Kurani kule karibu na msikiti. Marcelline ni mukristo, alibatizwa na kupata komunio, lakini kwa mambo ya namna hiyo watu wa Kasongo hawaulizani dini. Mwalimu alimsikiliza bila kumkatiza. Akachukua kikombe cha maji, akafuatana naye. Walipofika kwenye mlango wa ua akavua kandambili, akasimama, akasoma kwa sauti ya chini. Maji ya kwenye kikombe yakageuka tope jekundu mikononi mwake.

"Ingia, mwalimu."

"Siingii."

"Unaogopa?"

"Naogopa, ndiyo. Lakini si kwa sababu hiyo. Mwenye nyumba hajaniita."

"Mwenye nyumba ni mimi!"

Mwalimu alimwangalia kwa huruma. "Mama, hapa palikuwa kichuguu kikubwa. Kilikuwa na mwenyewe, jini mwanamuke. Babu ya mume wako alikibomoa, akafinyanga matofali kwa udongo wake, akachoma, akajenga. Kila tofali unaloliona ni nyumba ya yule. Kisha wakapatana. Alikubali vichwa vine vilale. Cha tano hapana."

"Basi mufukuze! Si kazi yako?"

"Kazi yangu ni kufukuza aliyevamia. Huyu hakuvamia. Munalala kwake toka wazee wenu."

Marcelline alishika mti wa ua. "Anamutaka mutoto?"

"Hamutaki. Anamutoa tu. Anaanza kwa akili za watu. Akili zikisha kumuacha, mwili nao haukawii."

"Na mimi mbona simusahau? Mama yake amemusahau, mimi ni nani?"

Mwalimu akaangalia chini, akachezea kidole cha mguu kwenye mchanga. "Usikasirike, mama. Wale wanamupenda. Mutu mwenye kupenda anatulia, anajua kitu ni chake, anaweza kusinzia. Wewe unamuonea mama yake wivu. Jicho lako linamukamata mutoto huyo hata ukilala. Ndiyo imemushinda yule kumutoa kwenye akili yako."

Aibu ilimpanda Marcelline mpaka masikioni, kama mtu aliyefunguliwa kikwembe sokoni.

"Nifanye nini?"

"Nafasi za wageni uliwapa kwa mudomo wako, huwezi kuwanyang'anya. Nafasi iliyobaki mikononi mwako ni moja, ni yako. Ukiiacha, mutoto anaingia hapo na anakumbukwa. Lakini ujue, nyumba itakutoa wewe vile inavyomutoa yeye. Wote waliomo watakusahau. Kizingiti chako hutakivuka tena."

"Nina nyumba hiyo tu, mwalimu. Sina mume, sina mutoto. Nina nyumba hiyo tu."

"Najua, mama," alisema mwalimu, akamwaga lile tope, akavaa kandambili zake.

Marcelline aliporudi ndani aliwakuta wote watatu barazani wanakula wali na sombe, wanacheka. Kimya kilikuwa kimejaa kule chumbani. Akauliza, "Nguo za kwenye kamba ziko wapi?" Naomie akajibu kinywa kimejaa, "Nimeanua, mama, nimezitupa kitandani," na Marcelline hakumsikiliza mpaka mwisho, alikuwa amekwisha kufika kitandani, akaukuta mlima wa vikwembe na mashuka yenye joto la jua, akaanza kuyarusha huku na huku, shuka, kikwembe, shuka, blauzi, na harufu ya udongo ikimjaa puani na mchi ukitwanga kule nyuma haraka haraka kama moyo wa mtu anayekimbia, mpaka mkono wake ukagusa kisigino kidogo, akavuta, akamtoa, midomo imekuwa rangi ya majivu, akampulizia usoni, akampiga mgongoni, akamwita kwa majina yote ya watoto ambayo aliyaweka moyoni miaka yote ile na hakuwa na wa kumpa, na mtoto akakohoa, akalia.

Wale watatu walikuwa wamesimama mlangoni, vidole vina mafuta ya mawese.

"Marcelline," Mama Régina akanong'ona, "unatafuta nini, mwanangu? Uko unapuliza nini mikononi?"

Jua lilikuwa linashuka. Wakati wa kulala ulikuwa unakaribia, na Marcelline alijua kwamba usiku ule hautamalizika na mtoto akiwa hai. Akamfunga kifuani, akaingia jikoni kuchukua kisu na mchele kidogo, bado hajui anakwenda wapi. Mchi ukasimama wenyewe ndani ya kinu.

"Mubebe, uende," sauti ikasema.

Ilikuwa sauti yake mwenyewe Marcelline. Hata ule mkwaruzo alioupata alipougua kifua ulikuwemo. Ilitoka ndani ya ukuta, kutoka kila tofali kidogokidogo.

"Nani huyo?" Marcelline akauliza.

"Unanijua. Na mimi sikuzaa. Umeona vile wanavyokuja? Wanakuja kulala ndani ya mwili wangu, wanakuja kuzaa ndani ya mwili wangu, na hakuna hata mumoja anayeniuliza kama inaniuma. Mubebe. Nyangwe si mbali, mitumbwi iko. Ng'ambo ya mto hakuna anayekujua. Utasema ni wako, na nani atabisha? Mama yake? Hata hajui kama alizaa. Hakuna atakayemutafuta, Marcelline. Utakuwa mama."

"Na kitovu chake? Hakijaanguka."

Ile sauti ikacheka, na kicheko kilikuwa cha kwake pia. "Ukitoka peke yako utakuwa nani? Ukitoka naye utakuwa mama wa mutu. Chagua."

Msimhukumu haraka, nyie mnaosikia. Mtoto alikuwa na joto, alikuwa anapumua kwenye shingo yake, na kamkono kake kalikuwa kameshika ukosi wa blauzi yake kama vile kanamjua. Marcelline alichukua kisu, akachukua mchele, akapita korido, akapita saloni ya kukaa wageni, na miguu yake ilikuwa inakwenda Nyangwe. Angekwenda. Kweli kabisa, angekwenda.

Lakini Laetitia alikuwa ameketi kwenye kizingiti, amemfungia njia. Alikuwa analia kimyakimya. Maziwa yalikuwa yamefika mpaka kwenye kikwembe chake, yanadondoka sakafuni.

"Mama Marcelline," alisema, "nalia na sijui nalilia nini. Kuna kitu nimeweka mahali. Nimezunguka nyumba yote. Sikioni, na sijui hata ni kitu gani." Akajikumbatia. "Hapa ndani panauma kama nimekatwa."

Marcelline alisimama juu yake na mtoto kifuani. Wivu ulimpanda tena, mkali kupita siku zote, na safari hii alimwonea wivu kwa machozi yale. Akili ya mwanamke huyu ilikuwa imefutwa yote, na bado mwili wake ulikuwa unamtafuta mtoto kwenye kila chumba. Yeye Marcelline angeweza kumbeba huyu mtoto mpaka ng'ambo ya mito yote, na mwili wake usingemjua hivi hata siku moja.

"Njoo, mwanangu," alisema. "Simama."

Akaweka chini kisu na mchele, akafungua kikwembe chake, akamweka mtoto kwenye titi la Laetitia, akawafunga pamoja, akakaza fundo mara mbili mgongoni ili hata akisahau asimwangushe. Laetitia akamwachia afanye, kama mtoto anayevalishwa. Marcelline akamfuta machozi kwa ncha ya kitambaa chake mwenyewe. Mchi ukaanza tena kule nyuma, polepole. Du. Du. Du.

Akampita kwenye kizingiti, akatoka. Hakubeba hata kandambili.

Alisimama nje ya ua, kwenye barabara, mahali ambapo watu waliokuwa wanatoka mtoni na ndoo walimpita na kumsalimu, "Mama, hujambo," naye hakujibu kwa sababu alikuwa anasikiliza, anasikiliza kwa mwili mzima, anasikia kuku wanapanda juu ya miti, anasikia jirani anagombeza wageni wake wa korido, anasikia damu yake mwenyewe, na ndani ya nyumba hasikii kitu, hasikii kitu, mpaka alipoanza kusema moyoni kwamba amemuua, kwamba bora angeenda naye Nyangwe hata kwa wizi, na ndipo Laetitia akapiga kelele.

"Mama! Mama Régina! Mutoto! Mutoto wangu, huyu hapa!"

Mama Régina akapiga vigelegele kama vile mtoto amezaliwa dakika ile. Naomie akawa analia kwa sauti, anasema, "Nguo! Nilimutupia nguo, Mungu wangu!" Na mtoto akalia juu yao wote, kwa hasira, kama mtu aliyechelewa kupewa chakula. Marcelline akaketi chini kwenye mchanga, akafunika uso.

Alilala kwa jirani, kwenye korido, katikati ya watu wa harusi. Jirani alimcheka mpaka akachoka: "Leo na wewe uko ndakala!" Huyo alimkumbuka. Marcelline akajipa moyo. Labda mwalimu alikosea, akasema. Labda ni maneno ya wazee.

Asubuhi alikwenda akasimama mbele ya baraza yake, akapiga hodi. Akaona ajabu, ulimi kupiga hodi pale.

Laetitia akatoka, mtoto begani, uso umeng'aa. Akamwangalia Marcelline kutoka kichwani mpaka kwenye miguu isiyo na kandambili, kwa adabu, kama unavyomwangalia mama usiyemjua.

"Karibu, mama. Unatafuta nafasi? Samahani, hapa pamejaa."

"Hapana, mwanangu. Nimekuja kuuliza tu. Mutoto hajambo?"

"Hajambo, namushukuru Mungu!" Laetitia akamgeuza ili aonekane. "Ona vile ananyonya. Tumemuita Marcelline. Ni jina la mama mwenye nyumba. Alitusaidia sana, mama huyo. Bila yeye, sijui." Akaita kwa nyuma ya bega, "Mama Marcelline! Njoo, kuna mugeni!"

Jikoni mchi ukasimama. Harufu ya udongo ikatoka mpaka barazani.

"Nakuja, mwanangu," ikajibu sauti, na mkwaruzo wa kifua ulikuwemo. "Ni nani huyo?"

Hatua zikaanza kusogea kwenye korido, taratibu, hatua za mwanamke asiye na haraka nyumbani kwake. Mtoto akageuza kichwa kuzisikiliza. Marcelline alimwangalia mara ya mwisho, kichwa, sikio, kamkono, akarudi nyuma hatua moja, kisha nyingine, mpaka miguu yake ikaikuta barabara.

"Mwambie ni mupita njia," alisema.